Mpiga kampeni wa chama Uingereza: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya hurudi kila uchaguzi unapokaribia. Wanaouliza ni ndugu walioko nyumbani wanaofuatilia siasa za Uingereza kwenye televisheni, na Waswahili wanaoishi huku ambao wamegongewa mlango Jumamosi asubuhi na mtu wasiyemjua, mwenye utepe wa rangi kifuani. Aliyejibu ni mkereketwa wa chama kimojawapo. Chama hakitajwi kwa makusudi, kwa kuwa kazi yenyewe inafanana kote: Labour, Wahafidhina, Liberal Democrats, Kijani, SNP wa Uskoti, hata Reform.

## Ya mwanzo

Mpiga kampeni wa chama ni nani hasa?

Ni mwanachama wa kawaida anayetoa jioni zake na Jumamosi zake kukitafutia chama kura. Siku za kazi utamkuta ni mwalimu, dereva wa basi, muuguzi, mwanafunzi au mstaafu. Vyama vikubwa vina watumishi wa kulipwa makao makuu na waratibu wachache majimboni, lakini mzigo wa kampeni wanaubeba hawa wasiolipwa. Ndio wanaogonga milango, wanaogawa vipeperushi, wanaopiga simu na wanaokaa nje ya vituo siku ya kura.

Anayetazama kwa mbali hudhani kazi yao ni kuhutubia na kushawishi. Sivyo. Mkereketwa wa Uingereza anaweza kuzeekea chamani bila kushika kipaza sauti hata mara moja. Kazi yake kubwa ni kujua nani wetu, nani si wetu na nani bado anasitasita, kisha kuhakikisha aliye wetu ametoka nyumbani siku ya kura. Ni kazi ya daftari kuliko ya jukwaa. Ukilishika hilo, mengi yanayofuata hapa yatajieleza yenyewe.

Analipwa kiasi gani?

Halipwi. Wala si ubahili wa chama: sheria ya uwakilishi wa wananchi ya 1983 inakataza kumlipa mtu ili azunguke kumwombea mgombea kura. Chama kinaweza kumlipa mratibu wa ofisi, mchapaji, hata kampuni ya kusambaza karatasi, lakini anayesimama mlangoni pako kukuomba kura ni lazima awe amejitolea. Anachoambulia ni chai na biskuti, na zamu ikiisha pengine kinywaji baa, kila mtu kwa pesa yake.

Wageni kutoka kwetu huwa hawaamini. Waliozoea kuona vijana wa kampeni wakilipwa posho ya siku huuliza mara mbili mbili: kwa hiyo wanatembea kwenye mvua bure? Ndiyo, bure.

Sasa kadi ya chama inamfaidia nini?

Inampa sauti ndani ya chama, na mara nyingine sauti hiyo ni kubwa kupita kiasi. Wanachama ndio wanaopiga kura ya kumchagua kiongozi wa chama, na chama kikiwa madarakani kiongozi huyo ndiye waziri mkuu. Mwaka 2022 Liz Truss aliingia Downing Street kwa kura 81,326 za wanachama wa Wahafidhina, dhidi ya 60,399 za Rishi Sunak, ambaye baba yake alizaliwa Kenya na mama yake Tanganyika. Wananchi wengine wote walikuwa watazamaji. Miaka miwili baadaye, wakiwa upinzani, wanachama haohao walimchagua Kemi Badenoch kwa kura 53,806.

Wanachama pia hushiriki kumteua mgombea wa jimbo na wa kata. Hapo ndipo penye manung'uniko ya kudumu. Uchaguzi ukiitishwa ghafla, makao makuu huleta majina yao, na watu waliogonga milango miaka yote hujikuta wanampigia debe mtu waliyemwona jana. Hakuna chama kikubwa kisicho na kilio hicho.

Mimi ni Mkenya au Mtanzania ninayeishi Uingereza, sina uraia wa huku. Naruhusiwa?

Naam, na wengi hawajui. Raia wa nchi ya Jumuiya ya Madola anayeishi Uingereza kwa kibali halali, au asiyehitaji kibali, anaweza kujiandikisha na kupiga kura katika chaguzi zote, ukiwemo wa wabunge. Hilo linawahusu Wakenya, Watanzania, Waganda na Wanyarwanda, kwa kuwa Rwanda iliingia Jumuiya hiyo mwaka 2009.

Mkongo, Mrundi na Muomani hawamo, mpaka wapate uraia wa Uingereza. Lakini kuna tofauti ya mahali: Uskoti na Wales zimewafungulia wageni wenye kibali halali, wa nchi yoyote, kura ya mabaraza ya mitaa na ya bunge lao. Mkongo wa Glasgow anapiga kura ambayo Mkongo mwenzake wa London hana.

Kituoni utaombwa kitambulisho chenye picha, isipokuwa katika chaguzi za mabaraza na za mabunge ya Uskoti na Wales. Sharti hilo lilikuja na sheria ya 2022, likatumika kwanza katika chaguzi za mitaa za England Mei 2023. Pasipoti ya Kenya au Tanzania inakubalika, hata kama muda wake umekwisha, ilimradi picha bado inafanana nawe. Asiye na kitambulisho chochote anaomba cheti maalumu cha mpiga kura, nacho hakilipiwi.

Kujiunga na chama ni jambo jingine. Hapo zinafuatwa kanuni za chama husika, na vingine vinapokea mtu yeyote aliyeishi nchini kwa muda fulani. Kuhusu kugombea, tazama swali la diwani na mbunge huko chini.

## Mlangoni

Wakigonga mlango wanataka nini hasa?

Wanataka kujua utampigia nani. Basi. Kubadili mawazo yako ni jambo la ziada, likitokea.

Zamu ya kawaida iko hivi. Watu watano au sita wanakutana kwenye kona ya mtaa Jumamosi saa tano asubuhi. Mmoja anashika orodha, zamani ya karatasi kwenye ubao, siku hizi ya simu. Yeye hagongi mlango hata mmoja. Anabaki katikati ya barabara akigawa namba. "Wewe 14, Bi Fulani na mwanawe. Wewe 16, mzee peke yake, mara ya mwisho alikuwa wetu." Wenzake wanakwenda, wanagonga, wanarudi. "Kumi na nne hawapo. Kumi na sita bado wetu, lakini anataka kura ya posta, goti linamsumbua. Kumi na nane hataki kusema." Kila jibu linaingizwa kwa herufi: herufi ya chama anachokipenda, ya asiyeamua, ya aliyekataa kusema, ya aliye kinyume kabisa.

Milango mingi haifunguliwi. Inayofunguliwa, mazungumzo ni ya dakika moja au mbili, na mkereketwa mzoefu hukata ubishi kwa adabu. Mtu akianza "nyinyi wote ni walewale", anaandikwa, anashukuriwa, wanaendelea. Kubishana robo saa na mpinzani ni kumwibia muda mwenzio aliye mlango wa pili. Wagombea wapya ndio wanaochelewa kulielewa. Wanapenda sana kushinda hoja.

Yanayosemwa mlangoni yenyewe ni ya ajabu kwa mtu aliyezoea kusikia siasa za redioni. Unakwenda umejiandaa kuzungumzia uchumi wa taifa, unaulizwa kuhusu pipa la taka ambalo halijachukuliwa, shimo barabarani, foleni ya daktari, jirani anayeegesha gari vibaya. Chama kinachoyaandika hayo na kuyafuatilia hukumbukwa. Liberal, chama kilichowatangulia Liberal Democrats, walijenga mtindo mzima juu ya mambo haya kuanzia Liverpool miaka ya mwisho ya 1960: kipeperushi kidogo cha mtaa, kinacholeta habari za mashimo na taa za barabarani mwaka mzima, si wakati wa kampeni tu.

Wamejuaje jina langu?

Kwenye daftari la wapiga kura. Vyama na wagombea wana haki kisheria ya kupewa daftari kamili, lenye jina na anwani ya kila aliyejiandikisha. Baada ya uchaguzi wanaweza pia kupata nakala yenye alama za waliopiga kura. Inaonyesha kama ulikwenda kituoni. Haionyeshi ulimchagua nani. Kura ni siri tangu sheria ya 1872. Uchaguzi mdogo wa kwanza wa kura ya siri ulifanyika mwaka huohuo Pontefract, na sanduku lilitiwa lakiri kwa muhuri wa kiwanda cha peremende za pale mjini.

Hizo rekodi za milangoni hukusanywa miaka nenda miaka rudi katika programu ya chama. Hamia mtaa mwingine, utakaribishwa na mtu asiyejua lolote juu yako. Kaa mtaa mmoja miaka kumi, chama kinajua ulisitasita lini.

Kwa nini wanatembea na mwiko?

Kwa sababu ya mbwa. Milango ya Uingereza ina tundu la kutilia barua, na tundu hilo mara nyingi lina kifuniko chenye springi kali na brashi ngumu nyuma yake ya kuzuia upepo. Ukisukuma karatasi kwa vidole, kifuniko kinakubana. Na kama nyuma ya mlango kuna mbwa aliyenyamaza akikungoja, unarudi nyumbani na kidole pungufu ya nyama. Kwa hiyo wanaogawa vipeperushi hukunja karatasi juu ya mwiko wa jikoni, wakasukuma, wakavuta mwiko peke yake. Mwiko wa zamani wa mkereketwa utaujua kwa alama za meno.

Mbwa anayebweka hana shida, umemsikia. Matundu mabaya zaidi ni yale yaliyo chini kabisa ya mlango, usawa wa kifundo cha mguu. Mtaa mzima wa namna hiyo unamaliza mgongo.

Katika uchaguzi wa wabunge kila mgombea ana haki ya kupeleka barua moja kwa kila mpiga kura, bure, kupitia posta. Zote zilizobaki zinategemea miguu.

Na matusi? Na usalama?

Matusi yapo lakini ni machache kuliko unavyodhani. Wengi wanasema tu "hapana, asante" na kufunga mlango taratibu. Anayetukana kweli husaidia: umeshajua pa kutorudi.

Usalama ni jambo zito. Mbunge Jo Cox aliuawa Birstall tarehe 16 Juni 2016, wiki moja kabla ya kura ya maoni ya Umoja wa Ulaya. David Amess aliuawa Leigh-on-Sea tarehe 15 Oktoba 2021 akiwa anakutana na wananchi wa jimbo lake. Baada ya hapo mambo yalibadilika hata chini kwa wanachama wa kawaida: watu wanakwenda wawili wawili, hawaingii ndani ya nyumba ya mtu, na mwenye orodha anajua kila mmoja yuko mlango gani. Mkereketwa mweusi au mwanamke aliyevaa hijabu atasikia mengine ambayo mwenzake hasikii. Ukikutana nayo, mwambie mwenye orodha palepale, usisubiri mwisho wa zamu. Huna deni la kurudi mtaa huo.

Mbona hakuna mikutano mikubwa ya hadhara, fulana, kanga, magari ya vipaza sauti?

Pesa na sheria. Tangu sheria ya 1883 matumizi ya mgombea yamewekewa kikomo, na kikomo chenyewe ni kidogo. Katika uchaguzi wa 2024, tangu mtu kuwa mgombea rasmi, aliruhusiwa pauni 11,390 pamoja na peni 8 kwa kila mpiga kura wa jimbo la mjini, au peni 12 kwa jimbo la mashambani. Hapo ondoa uchapaji wa vipeperushi. Cha kununulia fulana hakibaki. Kila mgombea ni lazima awe na wakala anayewajibika kwa hesabu hizo, naye ndiye mtu anayelala kidogo kuliko wote.

Matangazo ya siasa ya kulipia yamepigwa marufuku kwenye redio na televisheni. Vyama hupewa dakika zao za bure, vinapokezana. Kuhusu takrima, tazama swali la pilau.

Mikutano ya hadhara ilikuwepo zamani na ilijaa. Ilikufa pole pole watu walipohamia kwenye televisheni. Siku hizi anayekuja kwenye mkutano ni yule ambaye tayari ni wenu, na huyo mnamhitaji kesho mtaani, si leo ukumbini akipiga makofi.

## Siku ya kura

Siku yenyewe inakwendaje?

Ni Alhamisi; chaguzi zote za wabunge tangu 1935 zimefanyika Alhamisi. Vituo hufunguliwa saa moja asubuhi na kufungwa saa nne usiku. Mkereketwa ameamka kabla ya mapambazuko kutia kipeperushi cha mwisho milangoni mwa waliokwisha kusema ni wetu. Asubuhi hiyo hakuna anayemhubiria mpinzani. Ungemkumbusha tu kwamba leo ni kura.

Kila mtaa una chumba cha kamati. Jina ni kubwa, lakini mara nyingi ni sebule ya mwanachama: meza ya chakula imejaa karatasi, kuna sufuria ya supu jikoni, viatu vyenye tope mlangoni. Taarifa zinaingia kutoka vituoni kuhusu nani ameshapiga kura. Jina lake linakatwa kwenye orodha ya wetu. Waliobaki wanagongewa tena: saa sita, saa kumi, saa mbili usiku. "Bado hujakwenda? Tuna gari, tukupeleke?"

Mbinu hii ina historia. Kabla ya kompyuta, orodha za wafuasi ziliandikwa kwenye karatasi za nakala nyingi, mtaa kwa mtaa, zikabandikwa mezani. Jina likikatwa juu, linakatika kwenye nakala zote za chini. Kila awamu ya kugonga inachukua karatasi ya juu na kwenda nayo. Mfumo huo unaitwa kwa jina la mji wa Reading, na anayehesabiwa kuwa mbunifu wake ni Ian Mikardo, aliyelitwaa jimbo hilo kwa Labour mwaka 1945. Simu zimeingia, lakini fikra ni ileile.

Kipindi kigumu kuliko vyote ni saa mbili za mwisho. Watu wamekula, wamevaa nguo za kulalia, mvua inanyesha. Desemba 12, 2019, uchaguzi wa kwanza wa wabunge kufanyika Desemba tangu 1923, giza liliingia saa kumi jioni na wakereketwa walizunguka na tochi kichwani wakitafuta namba za nyumba.

Nje ya kituo kuna mtu mwenye utepe ananiuliza namba yangu. Ni afisa wa uchaguzi?

La. Ni mwanachama wa chama, na rangi ya utepe inakuonyesha kipi: nyekundu Labour, buluu Wahafidhina, ya machungwa au njano Liberal Democrats. Anataka namba yako ya daftarini ili chumba cha kamati kisikugongee tena. Si lazima umjibu, na hana ruhusa ya kukuuliza umemchagua nani wala kukushawishi. Usiogope pia ukiwaona watatu wa vyama vitatu wamekaa benchi moja wakigawana chai ya chupa na kupeana namba walizokosa. Ni desturi ya zamani. Kesho wataendelea kusemana.

Kura zinahesabiwaje, na wao wana kazi gani ukumbini?

Zinahesabiwa kwa mkono, usiku uleule mara nyingi, kwenye ukumbi wa michezo wenye meza ndefu. Masanduku yakimwagwa, kwanza karatasi huhakikiwa idadi. Hapo ndipo mkereketwa anapofanya kazi: anasimama upande wa pili wa meza, haruhusiwi kugusa, na macho yake yanapiga hesabu ya kura zinazofunuka huku penseli ikichora vistari. Sanduku moja baada ya jingine, kabla matokeo hayajatangazwa, chama kinajua kimefanyaje kila kata. Rekodi hizo ni mali kwa uchaguzi ujao.

Karatasi zenye utata huletwa kwa msimamizi, na mawakala wote wanainama kuzitazama. Mtu aliyechora uso wa tabasamu kwenye kisanduku cha mgombea mmoja anaweza kuhesabiwa, maana nia yake inaonekana. Aliyeandika tusi kwa wote, hapana.

Lakini kweli mlango mmoja unabadili kitu?

Katika majimbo mengi, hapana, tuseme ukweli. Kuna majimbo ambayo chama kimoja kinashinda kwa maelfu, iwe mvua isiwe mvua. Ndiyo maana Jumamosi utawaona wakereketwa wakipanda treni kwenda jimbo la jirani lenye mashindano ya kweli.

Ila yapo mengine. Mwaka 1997 Winchester ilichukuliwa kwa tofauti ya kura 2. Mahakama ikaamuru uchaguzi urudiwe, na mshindi yuleyule akarudi na ziada ya kura 21,556. Fife Kaskazini-Mashariki, 2017: kura 2. Hendon, 2024: kura 15. Runcorn na Helsby, uchaguzi mdogo wa Mei 2025: Reform waliipokonya Labour kwa kura 6. Waliokuwa mtaani jioni ile, wa pande zote mbili, wanaijua milango waliyoiruka kwa sababu ya uchovu.

## Katikati ya chaguzi

Uchaguzi ukiisha wanapumzika?

Wiki mbili, labda. Kisha kuna mabaraza ya mitaa, ambayo huchaguliwa Alhamisi ya kwanza ya Mei, na kila mwaka kuna mahali yanachaguliwa. Kuna mkutano wa tawi kila mwezi kwenye ukumbi wa kanisa usio na joto la kutosha: kumbukumbu za mkutano uliopita, ripoti ya mweka hazina, hoja juu ya suala la dunia ambalo tawi hilo halina uwezo nalo, bahati nasibu ya kuchangisha pesa. Wanaovumilia mikutano hiyo ndio wanaokuja kuwa makatibu na wenyeviti, na wanaoikimbia hulalamika kwamba chama kimeshikwa na walewale.

Msimu wa vuli kuna mkutano mkuu wa taifa, ambako wajumbe wa matawi wanalala hoteli za bei nafuu na kuwaona viongozi kwa karibu mara moja kwa mwaka.

Mtu wa mlangoni anafikaje kuwa diwani au mbunge?

Diwani ndiyo njia ya kawaida. Hakuna dhamana ya kulipa. Diwani hupewa posho, si mshahara wa kuishi. Mgombea ubunge anahitaji sahihi 10 za wapiga kura wa jimbo na dhamana ya pauni 500, anayoipoteza akipata chini ya asilimia 5 ya kura. Raia wa Jumuiya ya Madola anaweza kugombea ubunge bila uraia wa Uingereza, lakini kibali chake kiwe cha kudumu, kisicho na kikomo.

Njia nyingine hupitia harakati. Peter Hain alizaliwa Nairobi mwaka 1950, akakulia Afrika Kusini, familia yake ikakimbilia Uingereza. Akiwa kijana wa Liberal aliongoza kampeni ya kuzuia timu ya kriketi ya Afrika Kusini isizuru mwaka 1970. Mwaka 1977 alihamia Labour, akaingia bungeni kwa jimbo la Neath mwaka 1991 na baadaye akawa waziri.

Wana uhusiano wowote na historia yetu?

Upo, na hausimuliwi vya kutosha. Fenner Brockway, mkereketwa wa tangu ujana na mbunge wa Labour, aliasisi mwaka 1954 vuguvugu la kupigania uhuru wa makoloni, wakati Kenya ikiwa chini ya hali ya hatari. Barbara Castle aliibana serikali bungeni kuhusu mateso ya wafungwa wa Kenya. Mwaka 1959 wafungwa 11 walipopigwa hadi kufa Hola, maelezo ya kwanza ya serikali yalikuwa kwamba walikufa baada ya kunywa maji. Wabunge hawakuliacha suala hilo. Mwaka huohuo, tarehe 26 Juni, Julius Nyerere alikuwa miongoni mwa waliohutubia London ulipozinduliwa mgomo wa kutonunua bidhaa za Afrika Kusini. Watu waliosimama nje ya maduka kugawa karatasi za mgomo huo walikuwa wa aina hiihii tunayoieleza hapa.

## Ya pembeni

Nafanya kazi serikalini. Naweza kupiga kampeni?

Inategemea cheo. Maafisa wa juu na baadhi ya nafasi za halmashauri wamezuiwa, wa chini wako huru au huomba ruhusa. Askari polisi haruhusiwi kushiriki siasa kwa vitendo. Muuguzi na mwalimu hawana tatizo, wakiwa nje ya kazi.

Mwanangu ana miaka 15, anataka kuja.

Aje, mradi yuko na mtu mzima. Labour hupokea wanachama kuanzia miaka 14. Uskoti na Wales mwenye miaka 16 anapiga kura ya mitaa na ya bunge lao.

Shangazi hawezi kutembea. Naweza kumpelekea kura yake ya posta kituoni?

Kama wewe ni mpiga kampeni, hapana. Sheria ya 2022, iliyoanza kufanya kazi katika chaguzi za Mei 2024, inakukataza kushika kura ya posta ya mtu mwingine isipokuwa wa familia ya karibu au unayemuuguza mara kwa mara. Familia ya karibu imetajwa: mwenzi, mzazi, babu na bibi, ndugu, mtoto, mjukuu. Shangazi hayumo, hata kama ndiye aliyekulea. Aitie mwenyewe kwenye sanduku la posta, au amtume asiye mpiga kampeni.

Tunaweza kuwapikia watu pilau?

Wanaojitolea, pikeni mshibe. Chai na sambusa za kawaida kwenye mkutano hazina ubaya. Kuwalisha wapiga kura kwa nia ya kupata kura zao, kabla au baada ya uchaguzi, ni kosa la jinai, na mgombea anaweza kupoteza kiti kwa sufuria yenu. Kukiwa na shaka, muulizeni wakala kabla ya kuosha mchele.

Nikiandika kwenye kundi la WhatsApp la Waswahili, lazima niweke jina na anwani?

Kipeperushi chochote cha kampeni kinatakiwa kuonyesha jina na anwani ya mchapaji na ya aliyeagiza. Tangu Novemba 2023 sharti la kujitambulisha limehamia mtandaoni pia, kwa matangazo ya kulipia na kwa yanayotolewa na vyama na wagombea. Maoni yako binafsi kwa jamaa zako hayahusiki. Ukiwa unasambaza kwa niaba ya mgombea, weka.

Na nikimsema mpinzani vibaya?

Sera zake ziseme utakavyo. Lakini kutoa kauli ya uongo kuhusu tabia binafsi ya mgombea, ukiwa huna sababu ya kuiamini, ni kosa chini ya sheria ileile ya 1983. Phil Woolas wa Labour alishinda Oldham Mashariki na Saddleworth Mei 2010 kwa kura 103, kwa vipeperushi vilivyokuwa na kauli za namna hiyo juu ya mpinzani wake. Novemba mahakama ya uchaguzi ilimvua ubunge na kumfungia kugombea kwa miaka mitatu. Januari iliyofuata wakereketwa wa vyama vyote walirudi mitaa ileile, kwenye baridi, kugonga upya.